Maswali ya Wasomaji: Ranma ½ na laana ya maji baridi

Tangu katuni mpya ya Ranma ½ ianze kuonyeshwa Oktoba 2024, barua zinazoiulizia zimezidi kumiminika, kwa hiyo safari hii ukurasa wote ni wake. Kwa asiyeifahamu: ni kazi ya mchoraji Rumiko Takahashi wa Japani. Ilitoka kwanza kama manga, yaani hadithi ya michoro ya vitabuni, kuanzia 1987 hadi 1996, ikaingia televisheni mwaka 1989. Ni kichekesho cha mapigano na uchumba, na kiini chake ni kijana anayegeuka msichana akimwagikiwa maji baridi.

Nimetazama vipindi vitatu nimechanganyikiwa. Kila mtu ni mchumba wa mtu, na nusu yao ni wanyama. Wahusika wakuu hasa ni akina nani? (Msomaji wa Ntinda, Kampala)

Washike wawili kwanza: Ranma Saotome na Akane Tendo, wote wa miaka 16. Baba zao, Genma na Soun, waliahidiana zamani kwamba watoto wao wataoana ili mtindo wao wa mapigano usife. Soun ana mabinti watatu, Kasumi wa miaka 19, Nabiki wa 17 na Akane, na dojo yake, yaani ukumbi wa kufundishia mapigano, iko Nerima, Tokyo. Ranma alipofika na siri yake ikafichuka, dada wawili wakubwa walimsukumia Akane mchumba huyo papo hapo: wewe si hupendi wavulana, basi huyu nusu yake ni msichana.

Baada ya hao wawili, kila anayeingia muulize mambo mawili tu: anataka nini, na kinachomshinda ni nini. Takahashi hamleti mhusika asiye na majibu ya maswali hayo, na vichekesho karibu vyote vinazaliwa humo. Ranma anataka kuwa mwanamume kamili, lakini akiona paka anakimbia. Si woga wa bure. Alipokuwa mtoto, Genma alitaka kumfundisha mtindo wa "ngumi ya paka", akamfunga vyakula vya samaki mwilini na kumtumbukiza kwenye shimo la paka wenye njaa. Sasa hofu ikimzidi, akili inamhama, anapigana kwa kucha kama paka, na hatulii mpaka alale mapajani mwa Akane. Akane ana nguvu za kuvunja matofali, lakini hajui kuogelea, na akipika hakuna anayethubutu kuonja. Nabiki anataka pesa, hata picha za Ranma wa kike anaziuza. Mteja wake mkubwa ni Tatewaki Kuno, nahodha wa kendo (mchezo wa Kijapani wa kupigana kwa panga za mianzi) pale shuleni Furinkan, anayempenda Akane na pia "msichana mwenye msuko", bila kutambua kwamba huyo wa pili ndiye Ranma anayepigana naye kila siku.

Kasumi peke yake hana kinachomshinda wala hashtuki. Nyumba inabomoka, yeye anauliza nani aongezewe chai. Mtazame vizuri, bila utulivu wake zogo la wengine lisingechekesha hivyo.

Maji yanafanyaje kazi? Jasho je? Chai ya moto je? Na joto lazima liwe kiasi gani? (Mbarara)

Asili ni Jusenkyo, eneo la mkoa wa Qinghai, Uchina, lenye chemchemi zaidi ya mia, na kila moja inasemekana kuna kiumbe aliyezama humo. Ukianguka ndani, unachukua umbo lake. Ranma aliangukia ya msichana aliyezama miaka 1500 iliyopita, Genma ile ya panda. Kuanzia hapo maji baridi yanakugeuza na maji moto yanakurudisha, mara zote, bila kikomo.

Joto halikutajwa kwa nyuzi. Yanayotumika ni maji ya birika au ya kuogea, yaani moto ambao ngozi inausikia mara moja. Kinachogeuza ni kumwagikiwa au kutumbukia: mvua, bwawa, ndoo, hata yule bibi anayenyunyizia njia kwa upawa. Tena mambo mawili hayabadiliki hata umbo likibadilika, nayo ni akili na nguo. Ndiyo maana shati la Ranma linampwaya akiwa msichana, na panda Genma, asiyeweza kusema, anazungumza kwa kuandika kwenye vibao. Mtu aliyezoea kudai kwamba katuni haina mantiki aanzie hapa: kanuni hii inashikwa kwa ukali.

Iko njia moja mbaya ya kuiharibu. Bibi Cologne, mama mkuu wa ukoo wa Shampoo, msichana wa Kichina anayetaka kuolewa na Ranma, alimbonyeza Ranma mahali fulani mwilini, ngozi yake ikashindwa kuvumilia hata maji ya uvuguvugu. Matokeo yake akanasa kwenye umbo la kike. Dawa ilikuwa kidonge alichokuwa nacho bibi huyo mwenyewe, na ili kumpokonya ilimbidi Ranma awe na mikono ya kasi ya kuokota njugu za chestnut motoni bila kuungua. Mbinu hiyo ya mikono alibaki nayo hadi mwisho.

Ryoga ana ugomvi gani na Ranma? Kosa ni la nani? (Gulu)

Ryoga Hibiki hajui njia. Si kwamba anakosea mara moja moja. Anaweza kupotea akitoka chumba kimoja kwenda kingine. Walisoma pamoja na Ranma shule ya wavulana, ambako mikate ya mchana ilikuwa ya kugombania, na Ranma alikuwa akimwahi. Ryoga akadai pambano. Ranma alimngoja uwanjani siku tatu, akakata tamaa, akaondoka na baba yake kwenda Uchina. Siku ya nne Ryoga akatokea. Na uwanja wenyewe ulikuwa nyuma ya nyumba ya akina Ryoga!

Akawafuata hadi Jusenkyo. Huko Ranma, akiwa msichana tayari, alikuwa akimkimbiza baba yake panda, akamgonga Ryoga ukingoni bila kumwona. Ryoga akatumbukia kwenye chemchemi ya kitoto cha nguruwe. Kwa hiyo kwenye mkate Ryoga hana hoja, lakini kwenye chemchemi anayo, hata kama Ranma hakukusudia. Ranma naye analijua hilo, ndiyo maana ameitunza siri moja inayomuumiza yeye mwenyewe: yule nguruwe mweusi P-chan, anayelala kitandani kwa Akane, ni Ryoga. Akane hana habari. Kitambaa cha manjano chenye madoa meusi kiko shingoni mwa nguruwe na kichwani mwa Ryoga, kila siku, mbele ya macho yake.

Mimi ni fundi cherehani. Nimeagizwa nguo ya Ranma kwa ajili ya tamasha la mashabiki, na atakayeivaa ni binti. Nipime vipi? (Jinja)

Dada, kosa la kawaida ni kuibana ili imkae binti. Nguo ni ya Ranma wa kiume, na msichana anaonekana humo amepungua kimo. Chukua kipimo cha binti kisha ongeza sentimita 10 hadi 12 kwenye mzunguko wa kifua, sentimita 3 kwenye mabega, na urefu wa mkono wa kutosha kukunjwa mara mbili.

Shati ni jekundu la Kichina lenye kola fupi iliyosimama. Kwa kitambaa cha upana wa sentimita 150, mita 2 zinatosha. Suruali pana nyeusi, inayofungwa kwenye vifundo vya miguu, mita 2 nyingine. Chagua pamba isiyong'aa. Satini inaakisi mwanga wa picha na shati linaonekana la harusi. Kola iwe na kimo cha sentimita 4, na ukate upande wake wa chini kwa mkunjo mdogo. Ukiukata umenyooka, kola itajitenga na shingo kwa nyuma hata uipige pasi vipi.

Kazi iko kwenye vifungo vya kamba, jozi tano. Kata vipande vya upana wa sentimita 3 kwa mshazari wa nyuzi 45, kunja, shona, geuza ndani nje. Fundo moja linakula kama sentimita 25 za kamba, kitanzi chake kama 15, kwa hiyo andaa mita 2 na ziada kidogo. Mshazari usiukwepe, kwani kamba iliyokatwa kwa kufuata uzi inakuwa ngumu, na fundo halikazi. Jaribu fundo la kwanza kwa kitambaa chakavu.

Nywele: katika katuni Ranma wa kiume ana nywele nyeusi, wa kike nyekundu. Msuko ni mmoja tu, wa vishada vitatu, unaoanzia kisogoni na kuishia mabegani. Akisukwa misuko mingi, hata nguo ikiwa sahihi, mashabiki hawatamtambua.

Ukyo anakaanga nini kwenye lile bamba lake? Naweza kukipika nyumbani? (Mbale)

Ukyo Kuonji ni mchumba mwingine wa Ranma. Genma aliahidi ndoa, akachukua kibanda cha chakula cha baba yake kama mahari, kisha akatoroka nacho na kumwacha mtoto. Chakula ni okonomiyaki, chapati nene ya Kijapani ya kabichi na mayai, na silaha ya Ukyo ni mwiko bapa wa kukigeuzia, uliokuzwa hadi kimo chake mwenyewe.

Anayejua kukaanga rolex, ile chapati yetu ya kuviringishia mayai, ana nusu ya ujuzi. Kwa watu wawili: unga wa ngano gramu 100, maji mililita 100, mayai 2, kabichi gramu 250, chumvi kidogo na vitunguu vya majani. Koroga unga na maji kwanza, kisha mayai, kabichi mwishoni kabisa, maana ikikaa na chumvi inatoa maji na mchanganyiko unalegea. Kabichi ikatwe ndogo. Vipande virefu vinachomoza na donge linavunjika wakati wa kugeuza.

Mimina kwenye kikaango chenye mafuta, unene wa sentimita 2, moto wa wastani. Kwenye sigiri, punguza makaa. Tandaza juu vipande vyembamba vya nyama, funika dakika 5, geuza, dakika 5 tena bila kufunika. Usiigandamize kwa mwiko. Hewa iliyomo ndiyo inayoivisha katikati, ukiikamua unabaki na donge zito lenye unga mbichi ndani. Juu yake paka mayonezi na mchuzi wa tomato sosi vijiko 3, sosi ya soya kijiko 1 na sukari nusu kijiko.

Nianze na ya zamani au mpya? MB zangu si nyingi. (Arua)

Mpya. Msimu wake wa kwanza una vipindi 12, jumla karibu saa 5, na uko Netflix. Ukiweka matumizi ya data kwenye kiwango cha chini, hesabu takriban GB 0.3 kwa saa, yaani GB 1.5 kwa msimu mzima. Sauti za Ranma bado ni za Kappei Yamaguchi na Megumi Hayashibara, walewale wa 1989.

Ya zamani ina vipindi 161 katika mafungu mawili: 18 vya kwanza, kisha 143 vya fungu lililoitwa Nettohen. Wengi wanapata Nettohen namba 1 wakidhani ndio mwanzo, ndipo wanapotea. Humo utamkuta pia Sasuke, ninja anayemtumikia Kuno, ambaye kwenye manga hayupo.

Mwishowe wanaoana? (Wasomaji kadhaa)

Asiyetaka kujua aishie hapa. Katuni ya zamani haikufika mwisho. Jibu liko juzuu ya 38 ya manga. Arusi inaandaliwa, na zawadi mojawapo ni pipa la maji ya chemchemi ya mwanamume aliyezama, yanayoweza kumponya Ranma. Wageni wanalizozania. Happosai, mwalimu mzee wa Genma na Soun, anayanywa akidhani ni pombe. Ndoa inaahirishwa, na Ranma na Akane wanakimbilia shule wakigombana.