Re: Faundesheni inanifanya kijivu

Dada, umeuliza mbona rangi ya faundesheni (kipodozi cha kusawazisha rangi ya uso) uliyoipenda dukani pale Makoroboi imegeuka kijivu ulipofika nyumbani. Kwanza, taa za dukani zinadanganya. Paka mistari 3 ya rangi zinazokaribiana kwenye taya kushuka shingoni, si mgongo wa mkono, kisha toka nje ukae kivulini dakika 15, maana nyingine hukolea zikikauka na kuchanganyika na mafuta ya ngozi. Mstari unaopotea ndio wako.

Ukijivu mara nyingi hutokana na faundesheni kuwa nyeupe mno, au kuwa na upinki wakati ngozi yako ina umanjano. Omba yenye udhahabu. Losheni ya jua yenye zinki nayo huacha weupe, kwa hiyo ujaribu ukiwa umeshaipaka. Na muuzaji akisema "hii itakung'arisha", rudisha kopo.