Kopo la baba linanuka siki, nifanyeje?

SWALI: Shikamoo mama. Marehemu baba aliendesha boti ya kuwapeleka mafundi kwenye jukwaa la kurushia roketi la San Marco, huku Ngomeni. Ameacha kopo la mkanda wa filamu wa milimita 16, juu limeandikwa kwa kalamu "Des. 1970". Mtu anayetengeneza filamu ya historia ya anga ameuomba. Nikifungua kopo, harufu ya siki inanipanda puani. Niuoshe? Au niutie kwenye projekta nione una nini?
Msomaji, Malindi

JIBU: Marahaba mwanangu, Mungu amrehemu mzee. Projekta usiiguse, na maji yasikaribie. Harufu hiyo ni asidi inayotoka kwenye asetati, plastiki yenyewe ya mkanda. Ikishaanza hairudi nyuma, na joto na unyevu wa pwani huichochea. Mkanda hunywea, matundu ya pembeni yasilingane tena na meno ya mashine. Nilipokuwa najifunza kazi hii ya mikanda ya filamu, niliulazimisha mmoja wa namna hiyo kwenye projekta. Matundu yalichanika mfululizo kabla mkono wangu haujafika kwenye swichi. Mlio ule ninao masikioni hadi leo.

Na Desemba 1970! Tarehe 12 mwezi huo, Kenya ikitimiza miaka 7 ya uhuru, jukwaa hilo lilirusha Uhuru, setilaiti ya kwanza iliyotengenezwa mahususi kuchunguza eksirei za angani. Ikiwa humo mna hata dakika moja ya siku zile, umeshika hazina.

Leo hii utenge na mikanda mingine, maana asidi huambukiza. Ufunge ndani ya mifuko miwili isiyopitisha hewa, uweke kwenye friji. Siku ya kuutoa, uache saa kadhaa kabla ya kuufungua, mkanda usije ukatoka jasho.

Huyo mtengenezaji wa filamu mpe nakala tu. Auskani, yaani aunakili kidijitali, kwa mashine isiyo na meno, wewe ukiwepo, kisha mkanda urudi kwako. Nasisitiza kwa sababu ya Apollo 11, safari iliyowafikisha watu wa kwanza mwezini. Picha zilizotoka mwezini mwaka 1969 hazikuendana na televisheni za nyumbani, basi kamera ikaelekezwa kwenye skrini kuzirekodi upya, na nakala hiyo hafifu ndiyo dunia iliyoiona. Kanda zenye picha safi zaidi NASA, shirika la anga la Marekani, ilizitafuta miaka kadhaa. 2009 ikaeleza kwamba yaelekea zilifutwa, zikatumika tena.

Kopo lenye mwandiko usilitupe. Nakala ikipatikana, ipeleke Ngomeni kwa wazee waliofanya kazi na baba, waitazame, uandike majina ya kila sura wanayoitambua.