Kutoka Mbeya hadi Songea, mimi nafuata maji

Swali lenu la wiki hii linauliza: "Mgeni unayempenda akija, ungempitisha njia ipi kati ya miji miwili ya nchi yetu, na kwa nini?" Jibu nilikuwa nalo kabla sijamaliza kulisoma. Ningemtoa Mbeya nimpeleke Songea, ila si kwa basi la Makambako na Njombe. Ningemshusha Tukuyu hadi Kyela, nimpandishe meli ya Ziwa Nyasa mpaka Mbamba Bay, kisha tupande milima ya Umatengo kwa gari mpaka Songea.

Wenzangu wa Nyanda za Juu Kusini watasema huko ni kuzunguka. Basi la Makambako linaondoka alfajiri na siku hiyohiyo umefika, lami tupu. Njia yangu inakula siku mbili ukibahatika, na tatu au nne usipobahatika. Nimeipita mara tatu. Mara ya mwisho ilikuwa Septemba 2022, nikiwa na mama yangu mzazi, ambaye ni mzaliwa wa Liuli, kando ya ziwa hilo, aliyeolewa Tukuyu. Wakati ule hiyo haikuwa njia ya kuzunguka, ndiyo iliyokuwa njia yenyewe ya kumrudisha kwao kusalimia.

Mbeya tunaishi juu ya mgongo wa nchi. Mvua ikinyesha upande wa Usangu, maji yanaingia Ruaha Mkuu na kwenda kutokea Rufiji. Ikinyesha upande wa magharibi, yanaishia Ziwa Rukwa. Lakini ile inayopiga mabega ya Rungwe na Poroto kwa upande wa kusini hushuka na mto Kiwira mpaka Nyasa, Nyasa nalo hutoka kwa mto Shire, Shire ukaingia Zambezi, na Zambezi ukafika Bahari ya Hindi kule Msumbiji. Mtoto wa Mbeya anajifunza shuleni majina ya mito yote hii, lakini akipanda basi la Makambako haoni hata mmoja ukifanya kazi yake. Njia ya Kyela inakuonyesha, kwa sababu unashuka pamoja na maji.

Ukitoka Uyole unapanda kwanza. Isyonje kuna baridi inayopenya koti, ukungu umelala juu ya mashamba ya viazi, na akina mama wamepanga ndoo kando ya barabara wakisubiri malori. Halafu unaanza kuteremka. Pale mji mdogo wa Kiwira usikubali kupita tu. Shuka, chukua bodaboda, kamwonyeshe mgeni Daraja la Mungu, mahali ambapo mto umetoboa mwamba wa volkano na kupita chini yake, na juu watu wanavuka kwa miguu. Mbele kidogo kuna Kijungu, ambako mto huohuo unajimwaga ndani ya shimo la mwamba kama uji kwenye chungu. Tukuyu ni migomba na chai mpaka macho yanachoka na kijani. Mama alivua koti Ushirika, akavua sweta Ibanda, na Kyela tulipoingia alikuwa amebaki na kanga begani. Kwa kilomita kama 125 tulikuwa tumetoka juu ya mita 2,000 tukafika karibu mita 500 kutoka usawa wa bahari. Viazi vimeisha, chai imeisha, sasa ni kakao chini ya vivuli, michikichi, na mpunga ule ambao harufu yake kila Mtanzania anaijua.

Kyela ndipo safari yetu ilipokwama. Mtu mmoja aliyetukatia nafasi kwa simu alituambia meli inaondoka Alhamisi. Tulifika bandarini Alhamisi asubuhi tukakuta imeshaondoka, na inayofuata ni baada ya siku kadhaa. Niliumia, hasa kwa ajili ya mama, maana hela za nyumba ya wageni hatukuwa tumezipangia. Kwa hiyo nasisitiza: siku ya meli ulizia bandarini penyewe, kwa mtu wa bandari, na uulize tena siku moja kabla. Usimwamini wa kati.

Na bandari yenyewe ni Kiwira, hata kama wazee bado watakwambia "Itungi". Itungi ilijaa mchanga ulioletwa na maji, meli zikahamia Kiwira. Mama alisimama pale akitazama upande wa Itungi, akasema, "Kwa hiyo mto umetufukuza." Meli ya abiria siku hizi ni MV Mbeya II, iliyoundwa papo hapo ziwani na kuanza kazi mwaka 2021. Inachukua abiria 200 na mizigo tani 200. Mwenye kutafuta anasa hataipata. Atapata kiti, choo, chakula cha moto, na watu wanaosafiri kwa sababu wana shida ya kufika.

Hilo ndilo ningependa mgeni wangu alielewe mapema. Ile si meli ya utalii. Ng'ambo ya Matema, ukuta wa milima ya Livingstone unashuka moja kwa moja ndani ya maji, hauachi hata nafasi ya shamba. Vijiji vimeng'ang'ania pale chini kama ndege waliotua kwenye ukingo wa dirisha. Lumbila, Makonde na vingine, kwa miaka mingi njia yao ya kwenda hospitali, sokoni na shuleni ilikuwa maji. Meli ikipiga honi, kijiji kizima kinashuka. Niliona godoro likipakiwa, bati, kreti za soda, mgonjwa aliyeshikwa mikono miwili, mwanafunzi mwenye sanduku la chuma na mama yake akimkazia macho mpaka meli ilipogeuka. Ukipanda na kamera, omba ruhusa kwanza.

Matema tulipakia vyungu. Wanawake wa Kikisi wa Ikombe huvifinyanga kwa mikono, bila gurudumu, vyembamba na vyepesi kuliko unavyodhani ukivitazama, kisha huvileta kwa mitumbwi kwenye soko la Lyulilo, siku ya Jumamosi. Mama mmoja alikaa jirani yetu na vyungu kumi na viwili vilivyofungwa kwa majani makavu. Mama yangu akamsalimia, wakaulizana za nyumbani, na kabla ya jua kuzama kimoja kilikuwa kimeshahamia upande wetu. "Ndaga," yaani asante, mama alisema, akakipakata safari nzima kama mtoto mchanga.

Giza likaingia. Nilidhani ziwani usiku hakuna cha kutazama, kumbe nilikosea sana. Wavuvi wa usipa, samaki wadogo kama dagaa, huvua kwa taa. Mbele yetu zilitokea chache, zikaongezeka, zikawa mamia, ukaona kama mji umejengwa katikati ya maji. Nahodha akawa anapita mbali nao kwa adabu. Chini yetu kulikuwa na kina kinachofika mita 700 hivi sehemu nyingine, ziwa la tatu kwa ukubwa Afrika, lenye mamia ya jamii za samaki, wengi wao hawapatikani popote pengine duniani. Mama hakulala. Kila taa za kijiji zilipotokea upande wa nchi kavu alitaja jina lake bila kumwuliza mtu. Nilimwuliza anajuaje gizani. Akasema anajua kwa umbo la mlima juu yake.

Kuhusu mawimbi sitawadanganya. Kati ya Mei na Agosti hivi unavuma upepo mkali wa kusini-mashariki, wavuvi wanauita mwera, na ziwa linakuwa bahari kabisa. Mara yangu ya pili nilisafiri Julai, nikatapika toka Lupingu mpaka nilipoona nchi kavu. Mwisho wa Septemba maji yetu yalikuwa yametulia kama mafuta.

Alfajiri tulikuwa Manda. Hapo rangi ya ziwa inabadilika, kwa sababu mto Ruhuhu unaingia na udongo wa Njombe, Ludewa na Songea. Unaona kabisa mpaka kati ya maji ya mto na ya ziwa, yanatembea sambamba kwa muda kabla hayajakubali kuchanganyika.

Kisha Liuli. Nje ya ghuba kuna mwamba ambao Wajerumani waliuona unafanana na sanamu ya Misri ya simba mwenye kichwa cha mtu, wakaiita bandari Sphinxhafen. Walikuwa na meli hapa, Hermann von Wissmann, ambayo katika miaka ya 1890 ililetwa vipande vipande kwa Zambezi na Shire. Njia ileile ambayo maji yetu ya Kiwira hutokea, meli hiyo ndiyo iliyoingilia! Agosti 1914, vita ilipoanza tu, manowari ya Waingereza iitwayo Guendolen iliikuta imepandishwa nchi kavu kwa matengenezo, ikaishambulia na kuiharibu. Vita ile kubwa ya dunia ilifika kwenye ghuba hii ndogo kabla watu wengi wa Ulaya hawajaonja risasi. Mama hadithi hiyo alisimuliwa na babu yake kwa namna nyingine: kishindo, watu kukimbilia milimani, mbuzi waliopotea.

Pale Liuli binamu yangu aliingia melini na ndoo yenye mfuniko.

"Shangazi, shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Baba yako mgongo unamwendeleaje?"

"Anaamka, shangazi. Amesema ukirudi usipite juu kwa juu."

Ndani ya ndoo kulikuwa na samaki aina ya mbasa, wa moshi, na juu yake usipa wa kukaanga waliofungwa kwenye gazeti. Tulikula wale usipa kabla ya kufika Mbamba Bay. Mama alikula akitazama mwamba mpaka ulipozibwa na rasi. Sikuzungumza naye.

Mbamba Bay ni ghuba nzuri kupita maneno yangu, ina mchanga mweupe na visiwa vya mawe. Mwenye siku ya ziada alale hapo. Sisi tulipanda gari. Zamani kipande cha kwenda Mbinga kilikuwa mateso, malori yakinasa kwenye tope wakati wa masika. Sasa ni lami ya kilomita 67 inayopanda kona baada ya kona, na ziwa linabaki nyuma likionekana, linapotea, linaonekana tena juu zaidi.

Huku juu mgeni atazame mashamba. Wamatengo wanalima milima mikali ambayo kwingine ingekuwa imeshaporomoka. Hulaza majani kwa mistari inayokatana, wakayafunika kwa udongo uliochimbwa katikati, shamba zima likawa mashimo mashimo yenye kingo. Wanaita ngolo. Mvua ikija inakaa shimoni, inanywewa polepole, udongo haukimbii, na majani yaliyozikwa yanageuka mbolea. Ukisimama upande wa pili wa bonde unaona mlima kama sega la nyuki. Baada ya kuona Itungi ilivyozibwa na mchanga, nilikaa nikitazama yale mashimo nikafikiri juu ya miteremko yetu ya Rungwe tunayoilima wima mpaka mtoni, kila masika udongo ukishuka na Kiwira. Wataalamu wetu wa kilimo wangesafirishwa njia hii, wote, kwa gharama yoyote.

Toka Mbinga ni kahawa, kisha Peramiho na abasia yake iliyoanza kama misheni mwaka 1898, kisha Songea. Makumbusho ya Majimaji nendeni kimyakimya. Pale wamelala mashujaa walionyongwa na Wajerumani tarehe 27 Februari 1906.

Siku ya kurudi mwenyeji wetu alitupeleka vilima vya Matogoro, kando tu ya mji, ambako mto Ruvuma unaanzia. Pale juu bado ni kijito cha kuruka kwa hatua moja. Mama aliuliza kama maji haya nayo yanakwenda Liuli. Nikamwambia hapana, haya yanageuka, yanashika mpaka wetu na Msumbiji mpaka baharini. Aliinama, akanawa uso, akajaza na ile chupa ndogo aliyokunywea dawa njiani.

Tulirudi kwa basi la Njombe kwa sababu shule ilikuwa inafunguliwa. Lakini ahadi ya Liuli iko palepale, na meli ya Septemba nimeshaanza kuiulizia.