Maswali na Majibu: Kubadili Sura ya Programu za Ofisi

Swali: Kazi yangu ni kuandaa barua na ripoti kwa Word ya Microsoft 365 kutwa nzima. Hivi karibuni niliuchoka weupe wa skrini, nikachagua mandhari nyeusi. Nimeipenda, ila ukurasa nao umegeuka mweusi na maandishi yamekuwa meupe. Sasa nasita kuchapisha, na nasita zaidi kumtumia mkuu wangu ripoti, nikihofia itamfikia hivyo hivyo. Je, nimeuharibu waraka? Vilevile, mwenzangu ana picha ya mawingu kwenye ukingo wa juu wa dirisha lake, nami siioni popote.

Jibu: Ondoa hofu, waraka wako haujaguswa. Mandhari unayoichagua kwenye menyu ya Faili, sehemu ya Akaunti, inahusu sura ya programu peke yake, yaani utepe wa vitufe, menyu na kingo za dirisha. Na unapochagua nyeusi, Word hukuonyesha ukurasa nao kwa rangi ya giza ili jicho lisihangaike kati ya utepe mweusi na karatasi nyeupe. Hayo yanaishia kwenye skrini yako. Printa itatoa karatasi nyeupe yenye maandishi meusi, na mkuu wako ataiona ripoti kwa mandhari aliyoichagua yeye mwenyewe. Ukitaka ukurasa urudie weupe huku utepe ukibaki mweusi, fungua kichupo cha Mwonekano ubofye kitufe cha kubadili hali.

Nakusihi ukizoee kitufe hicho. Ukurasa unapokuwa mweusi, Word huzibadilisha kidogo rangi za maandishi pia ili zisomeke gizani, kwa hiyo rangi unayoiona siyo hasa atakayoiona mpokeaji. Kichwa cha habari cha rangi ya njano kinachong'aa vizuri kwenye giza kinaweza kupotea kabisa kwenye karatasi nyeupe. Kabla ya kutuma waraka wowote wenye rangi, jedwali au picha, urudishe ukurasa kwenye weupe na uupitie wote.

Picha ya mawingu ni mandharinyuma ya Office, yaani kundi la programu za Microsoft ambamo Word imo, iliyoanza na toleo la 2013. Inapatikana palepale kwenye sehemu ya Akaunti, juu ya orodha ya mandhari, ila ni lazima uwe umeingia kwa akaunti yako. Bila hivyo orodha yake haitokei. Utachagua kati ya mawingu, nyota, duara za shina la mti, vifaa vya shule na michoro mingine michache, au usiweke chochote. Picha yako binafsi haikubaliwi. Uamuzi wako unafungamana na akaunti, si kompyuta, hivyo ukiingia kwenye kompyuta nyingine kwa akaunti hiyo hiyo, utayakuta mawingu yako yakikusubiri, na ukiyaweka katika Word utayaona katika Excel na PowerPoint pia.

Kuna jambo jingine linalofanana na haya kwa sura tu, na ndilo linalowaponza watu. Rangi ya ukurasa inayowekwa kwenye kichupo cha Usanifu huingia ndani ya faili na kusafiri nalo hadi kwa kila atakayelifungua, ingawa kwa kawaida haitoki kwenye printa mpaka uiruhusu katika chaguo za kuchapisha. Mandhari ya waraka, ambayo nayo ipo kwenye kichupo hicho, hubadili kwa mpigo mmoja fonti na rangi za vichwa vyote vilivyoandikwa kwa mitindo ya Word, yaani miundo ya maandishi iliyopangwa tayari. Sura ya programu ni yako, ifanye upendavyo. Waraka ni wa msomaji wake, na kila rangi unayoiongeza humo lazima imsaidie yeye kusoma.

Swali: Nimeambiwa mandhari nyeusi hulinda macho na kupunguza matumizi ya umeme. Ni kweli?

Jibu: Inategemea chumba, macho na skrini. Katika chumba chenye mwanga wa kutosha, wengi wenye macho mazima husoma herufi ndogo kwa wepesi zaidi zikiwa nyeusi juu ya nyeupe. Gizani mboni hupanuka, na hapo skrini nyeupe huumiza. Mwenye mtoto wa jicho mara nyingi hupata nafuu kwenye mandhari nyeusi, ilhali mwenye astigmatizimu, kasoro ya umbo la jicho inayofifisha anachokiona, anaweza kuziona herufi nyeupe zikitawanyika kingo zake. Uchovu mwingi wa macho hutokana na kutopepesa mbele ya skrini, na huo hautibiwi na rangi yoyote.

Kinachostahili kuangaliwa zaidi ni tofauti ya mwanga kati ya herufi na kilicho nyuma yake. Mwongozo wa WCAG, unaotumiwa kupima usomekaji wa kurasa za intaneti, unataka tofauti hiyo isipungue 4.5 kwa 1 kwa maandishi ya kawaida na 3 kwa 1 kwa maandishi makubwa; maandishi ya kijivu juu ya kijivu, hata yapendeze vipi, mara nyingi hayafiki hapo. Anayeona kwa shida asiishie kwenye mandhari ya Office, bali aweke mandhari ya utofautishaji ya Windows yenyewe, ambayo programu za Office huifuata.

Kuhusu umeme, skrini ya OLED hutumia kidogo kwenye weusi kwa kuwa kila nukta hujiwashia mwanga wake. Skrini ya kawaida ya LCD ina taa nyuma yake inayowaka muda wote, hivyo akiba ni ndogo mno.

Swali: Natumia LibreOffice, programu za ofisi zinazotolewa bure. Naweza kupata utepe kama wa Word?

Jibu: Ndiyo, tangu toleo la 6.2 la mwaka 2019. Fungua menyu ya Mwonekano, kisha Kiolesura cha Mtumiaji, uchague muundo wa vichupo. Aikoni nazo hubadilishwa kwenye Zana, sehemu ya Chaguo: aikoni za seti ya Colibre zina rangi, za seti ya Sifr ni za rangi moja na zina aina inayofaa kwa mandhari nyeusi. Mipangilio hii hukaa kwenye folda ya wasifu wako ndani ya kompyuta hiyo, kwa hiyo ukihamia nyingine utalazimika kuipanga upya au kuinakili folda hiyo.