Uliza Yaya: Shule imetuma jina la mutoto wangu mu grupu, niko na haki gani?

Yaya, jambo. Niko mama wa batoto batatu huku Katuba, mu Lubumbashi. Mwezi ulipita shule ilituma mu grupu ya WhatsApp ya bazazi liste ya batoto benye habajamaliza minervale (makuta ya masomo): majina, klase, makuta yenye inabakia na namba ya simu ya muzazi. Siku ile ile liste ilifika paka mu grupu ya kanisa yetu. Mutoto wangu mukubwa anakatala kurudia ku masomo, benzake banamuita "Deni". Nilienda kwa prefe, mukubwa wa shule, akaniambia ni kulipa tu, hakuna sheria inakataza. Ni kweli? Mama wa Katuba

Mama, pole sana, na huyo mkubwa umwambie Yaya anamsalimia. Prefe amekosea, sheria iko. Shule ina haki ya kukudai, ikuite ofisini, ikupigie, ikuandikie barua wewe mzazi, hiyo hakuna anayebisha. Lakini kudai mzazi hakufanani na kumwanika mtoto mbele ya watu ambao deni haliwahusu hata kidogo.

Katiba yetu ya Kongo (RDC) ya 18 Februari 2006, kifungu cha 31, inasema kila mtu ana haki maisha yake ya faragha yaheshimiwe pamoja na siri ya mawasiliano yake. Halafu tarehe 13 Machi 2023 ikatoka ordonansi ya sheria namba 23/010, ile tunaita Kode ya Numerike, yani sheria ya mambo ya kidijitali, na ndani yake kuna sehemu nzima ya data za mtu binafsi, yani kitu chochote kinachofanya ujulikane ni wewe: jina, namba ya simu, picha, alama ya kidole. Msingi wake mtu yeyote anauelewa, data iliyochukuliwa kwa kazi fulani ibaki kwa kazi hiyo. Wewe siku ya kuandikisha mtoto uliacha namba yako ili wakupigie mtoto akishikwa na malaria pale darasani, hukuiacha ili wanakwaya wajue umebakiza makuta ngapi!

Sasa fanya hivi. Piga kapture (picha ya skrini) ya ile liste tarehe ionekane, kabla hawajaifuta, ila usiitume popote maana humo kuna watoto wa wenzako pia. Andika barua kwa shule, kopi mbili, moja wakupigie muhuri wa kupokea ubaki nayo. Sheria inakupa haki ya kujua wanaweka nini juu yako na juu ya mtoto, haki ya kurekebishiwa kama hesabu si sahihi, na haki ya kuomba kifutwe kilichowekwa bila sababu, kwa hiyo omba hayo yote matatu, na uombe walioitoa ile liste wawaandikie wazazi kwamba ifutwe. Usiende peke yako, pitia komite ya wazazi, najua hauko mzazi mmoja tu mwenye jina mle ndani. Wakikaa kimya peleka kopi ku su-divizio ya elimu, ofisi ya serikali inayosimamia shule, na makuta ya avoka yakikosekana, baraza la mawakili lina ofisi ya ushauri wa bure. Na deni endelea kulipa kidogo kidogo, wasipate la kusema.

Yaya, kila mahali banaomba fotokopi ya karte ya elekteri (kadi ya kupigia kura), ku simu, ku kazi, ku nyumba ya kupanga. Juzi nilinunua karanga ku njia, nikakuta zimefungwa mu fotokopi ya karte ya mutu, sura yake yote inaonekana. Naweza kukatala? Kijana wa komine Kenya, Lubumbashi

Kwa kuandikisha simkadi huwezi kukataa, kitambulisho kinahitajika. Lakini hiyo karatasi ya karanga imeniuma sana. Karte ya elekteri ndiyo tunatumia kama kitambulisho, na iko na sura yako, siku ya kuzaliwa, majina ya wazazi, adresi, tena asili yako. Huku Katanga wazee wetu bado wanakumbuka 1992 na 1993, watu walifukuzwa nyumbani kwao na kupandishwa treni juu ya asili yao tu, ndiyo maana mimi siwezi kuona asili ya mtu imeviringishwa karanga nikapita. Sheria yenyewe inahesabu asili, dini, siasa na afya kuwa data nyeti zinazotaka ulinzi zaidi.

Kwa hiyo ukitoa fotokopi, andika juu yake kwa bic, kwa kukingama, "kwa kuandikisha simu tu" na tarehe, bila kufunika sura. Ku sekretaria publiki, pale wanapiga fotokopi, kopi iliyoharibika uiombe uichane mwenyewe. Ku kabine ya kutuma makuta kwa simu usitaje namba yako ya siri hata ajenti akiwa shemeji yako. Na ukisikia kuna namba imeandikishwa kwa jina lako na wewe huijui, nenda ku ajensi ya kampuni ya simu waifunge, wakikuzungusha mlalamikie ARPTC, ndiyo inasimamia kampuni za simu nchini.

Yaya, kaka yangu eko Brussels, anasema kule ukiuliza kampuni iko na data gani zako, inalazimishwa kukujibu. Ni vile?

Ndiyo. Sheria ya Umoja wa Ulaya ya kulinda data za mtu binafsi, RGPD, ilianza kutumika 25 Mei 2018, ukiuliza kampuni ina nini juu yako inapaswa kukujibu ndani ya mwezi mmoja, na kosa kubwa linaweza kuilipisha hadi yuro milioni 20 au asilimia 4 ya mauzo yake ya mwaka duniani, ile iliyo kubwa kuliko nyingine. Haiangalii paspoti, kaka yako Mkongomani inamlinda sawa na Mbelgiji.

Mama wa Katuba, barua ukishaiandika nitumie kwanza tuisome pamoja kabla hujaipeleka. Jina lako na la shule hayataandikwa hapa.