Mbegu ya GMO haioti tena? Niliyoyaona kwenye pamba

Ndugu mleta uzi, umeuliza mawili: kama ni kweli mbegu ya GMO (iliyobadilishwa vinasaba) ukiivuna haioti tena, na kama mahindi ya Bt (aina ya GMO yenye sumu ya kuua funza, wale viwavi watoboao mimea) yatatufunga kwa wauza mbegu. Mahindi hayo sijayapanda. Pamba ya Bt nimeilima Lamu misimu mitatu, baada ya Kenya kuanza kuipanda mwaka 2020.

Inaota. Msimu wangu wa pili mbegu zilichelewa. Mvua za Aprili zishaanza, muuzaji anasema mzigo uko njiani kutoka India. Nikachambua pamba yangu kwa mkono, nikapanda nusu ekari. Ikaota safi kabisa. Balaa likaja baadaye: mti huu mrefu, ule kibeti, vitumba vya huku vimepasuka, vya kule vibichi, na miti mingine imejaa funza. Ile ni chotara, mbegu ya kuzalisha aina mbili pamoja, na kizazi cha pili cha chotara sifa hutawanyika, kila mti na zake. Sasa jamani, mahindi chotara ya Kitale yananunuliwa upya kila msimu tangu 1964. Huo utumwa mbona hatukuuona?

Faida ipo. Zamani nilipiga dawa mara saba, nane, pampu mgongoni, jioni macho yanawasha hadi usingizi hauji. Kwa Bt nilipiga mara tatu, na si kwa ajili ya funza. Sumu iliyomo kwenye mmea humuua funza anapotafuna. Vidukari na kangambili, hao wanaofyonza, haiwagusi. Jirani yangu aliambiwa "hii haitaki dawa", akakaa bila kupiga. Nilipopita kwake majani yamejikunja, yananata kama yamepakwa asali, sisimizi wanapanda na kushuka.

Jambo jingine ambalo wengi hawaambiwi: pembeni ya shamba panda mistari kadhaa ya pamba ya kawaida, ili funza wasiizoee sumu. India funza wa pinki ameshaizoea. Mwaka wa kwanza mimi mistari hiyo sikuipanda, nikiona ni kupoteza ardhi (ujinga wangu).

Kwa hiyo kuhusu kufungwa, mimi kilichonifunga ni tarehe. Mkulima wa mvua hawezi kungoja meli. Msimu wa nne mbegu zilifika mvua zinaisha, na ekari yangu nilikuwa nimeshaitia simsim.