Faji ya sikukuu: iache sufuria itulie

Mhariri,

Swali lenu la wiki hii lilikuwa: ni zawadi gani ya kula tunayoweza kuitengeneza wenyewe kwa ajili ya sikukuu, na ni wapi hasa watu hukwama? Mimi najibu faji yenye matunda makavu na njugu. Hukwama pale mikono inaposhindwa kukaa kimya.

Kwa asiyeijua, faji ni kitamu laini cha sukari, krimu na siagi kinachokatwa vipande vya mraba. Ulaini wake hautokani na kukosa fuwele za sukari. Fuwele zimo, tena nyingi mno, ila ni ndogo kiasi kwamba ulimi hauzihisi. Zikikua kidogo tu, unatafuna mchanga. Kazi yote ya mpishi ni kuzizuia zisianze mapema, halafu kuziamsha zote kwa mkupuo.

Vipimo vyangu ni sukari gramu 400, krimu mililita 240, siagi gramu 30, kijiko kikubwa kimoja cha sharubati ya glukosi, na chumvi kidogo. Glukosi usiidharau, maana ndiyo inayoizuia sukari isijipange upya haraka. Sufuria iwe nzito, na iwe kubwa kuliko unavyodhani inahitajika. Krimu yenye sukari ikichemka hufura na kupanda, na ikimwagika inaunguza vibaya.

Koroga kwa moto mdogo mpaka sukari yote iyeyuke. Punje zilizong'ang'ania ukingoni zifute kwa brashi iliyoloweshwa maji, kwa sababu punje moja ikidondoka baadaye inatosha kuziamsha nyingine kabla ya wakati. Ikishachemka, mwiko upite chini taratibu, mara mojamoja tu, isishike moto. Unatafuta nyuzi kati ya 112 na 116 za Selsiasi. Ila kipimajoto kijaribu kwanza kwenye maji yanayochemka: wanaoishi juu milimani wataona maji yanachemka chini ya nyuzi 100. Kikisoma 96, basi toa 4 kwenye hizo za faji pia. Asiye na kipimajoto adondoshe tone kwenye bakuli la maji baridi. Likiwa kidonge laini kinacholala bapa ukikibonyeza kwa kidole, ipua. Likitawanyika, bado. Likiwa gumu, umepitiliza, lakini si msiba: ongeza maji kidogo, yeyusha, chemsha upya.

Sasa ndipo penye mtihani. Weka sufuria mahali pasipotikisika, uondoke. Usikoroge, usionje, usikwangue kando. Subiri mpaka ifike nyuzi 45 hivi, ukishika chini ya sufuria usikie uvuguvugu tu, na hilo linaweza kuchukua saa nzima. Sharubati ya moto ikivurugwa, huzaa fuwele chache ambazo zina muda na nafasi ya kunenepa. Iliyopoa ni nzito na imebeba sukari kuliko inavyoweza kuishikilia; ukianza kuipiga, fuwele huzaliwa maelfu kwa maelfu, zote zinagombania sukari ileile, na hakuna inayopata ya kushiba.

Kupiga ni kwa mwiko wa mbao. Mwanzoni inang'aa na kuvutika kama gundi. Dakika zinapita, mkono unaanza kulalamika, na hakuna kinachoonekana kubadilika. Tazama mfereji unaoachwa na mwiko: kwanza unajifukia papo hapo, baadaye unasitasita, mwishowe unabaki wazi. Rangi inapauka, na ule mng'ao unaanza kufifia kuanzia kingoni. Usipoteze muda hapo, maana muda wenyewe ni mfupi, na trei iwe imeshatandikwa karatasi ya kuokea.

Huo ndio wakati wa matunda na njugu, vikiwa vimeshakatwa na kukaa kwenye bakuli kando yako. Ukivitia mapema, kila kipande kinakuwa chanzo cha fuwele kubwa. Njugu, ziwe lozi, korosho au jozi, zioke kwa nyuzi 170 dakika 8 hadi 10 mpaka zinukie, kisha zipoe kabisa. Ikiingia ya moto, huyeyusha siagi pale ilipotua. Matunda yawe makavu kwelikweli. Tunda bichi ni maji, na maji yatayeyusha fuwele zilezile ulizozihangaikia: kesho yake unakuta kidimbwi cha sharubati kuzunguka kila kipande, na baadaye ukungu. Wanaopenda kuloweka zabibu kwenye juisi wazikaushe vizuri kwa kitambaa, wazianike usiku kucha.

Zabibu kavu, kusema kweli, sizichagui. Faji tayari ni tamu ya kuumiza meno, na zabibu inaongeza utamu juu ya utamu. Napendelea chenye uchachu: aprikoti kavu au kranberi kavu, gramu 60, pamoja na njugu gramu 100. Zaidi ya hapo kisu kikipita, kipande kinameguka.

Ipo njia ya mkato, ya kuyeyusha chokoleti ndani ya maziwa mazito ya kopo yenye sukari na kuyaacha yagande. Ni kitamu na kitaliwa kikaisha. Ila kinachokigandisha ni chokoleti, si fuwele, na mimi sikiiti faji. Emelyn Battersby Hartridge, aliyesoma Chuo cha Vassar kule New York, alieleza kwenye barua kwamba mwaka 1888 alitengeneza ratili 30 za faji kwa mnada wa wanafunzi wa mwaka wa mwisho. Hizo ni kilo 13 na nusu hivi. Ukishapiga sufuria moja tu kwa mkono, utamheshimu yule dada.

Kata ikiwa imeganda lakini bado ina uvuguvugu, kwa kisu kirefu unachokifuta kila baada ya mkato. Funga kila kipande kwa karatasi yake, panga kwenye kopo lenye kifuniko kinachobana, weka mahali pa baridi kiasi. Itakaa wiki mbili. Jokofuni hukauka, kwa hiyo usiipeleke huko bila sababu. Na kwa kuwa ni zawadi, andika juu ya kopo aina za njugu zilizomo, maana wapo ambao lozi moja inawapeleka hospitali.